John Monash: Mhandisi wa madaraja aliyegeuka kamanda wa vita

MNAMO Agosti 12, 1918, katika ua wa jumba la kifahari la Bertangles kaskazini mwa Ufaransa, Mfalme George wa Tano wa Uingereza alichukua upanga na kumgusa mabegani jenerali mmoja wa Australia aliyekuwa amepiga goti mbele yake. Alipoinuka, jenerali huyo aliitwa Sir John Monash. Alikuwa na umri wa miaka 53, na siku nne tu awali, wanajeshi wake walikuwa wameshirikiana na wenzao wa Canada kuvunja safu ya Wajerumani karibu na mji wa Amiens.

Hata hivyo, Monash hakuwa mwanajeshi kwa taaluma. Hakuwahi kusomea katika chuo chochote cha kuwafunza maafisa wa jeshi. Hadi vita vilipozuka mwaka wa 1914, alikuwa mhandisi na mfanyabiashara jijini Melbourne, na sare alivaa jioni baada ya kazi, siku za Jumamosi na katika kambi chache za mazoezi kila mwaka.

Monash alizaliwa Juni 27, 1865, huko West Melbourne. Wazazi wake, Louis na Bertha, walikuwa Wayahudi kutoka eneo la Prussia ambalo siku hizi limo nchini Poland, na nyumbani Kijerumani kilizungumzwa pamoja na Kiingereza. Baba yake aliendesha duka kwa miaka kadhaa katika mji mdogo wa Jerilderie, jimbo la New South Wales, kabla ya mama kurejea Melbourne na watoto ili kijana huyo apate elimu bora katika shule ya Scotch College. Huko aling'aa katika hisabati.

Katika Chuo Kikuu cha Melbourne mambo hayakuanza vyema. Kijana alipenda kucheza piano, kuigiza na kuhudhuria midahalo kuliko kuingia darasani, na mama yake alipofariki mwaka wa 1885 masomo yalikatika kwa muda. Alilazimika kuajiriwa katika ujenzi wa daraja la Princes Bridge, kisha reli, huku akisoma usiku. Hatimaye alipata shahada za uhandisi, sanaa na sheria. Wachache walioongoza majeshi katika vita hivyo walikuwa wamesoma kiasi hicho.

Ni akiwa chuoni, mwaka wa 1884, alipojiunga na kikosi cha wanafunzi katika jeshi la wananchi. Yafaa msomaji aelewe kwamba wakati huo Australia haikuwa na jeshi kubwa la kudumu. Ulinzi ulitegemea raia, wakiwemo makarani, wenye maduka, walimu na mawakili, waliofunzwa shabaha na gwaride nje ya saa za kazi. Monash alihamia kikosi cha mizinga ya kulinda bandari mwaka wa 1887 na kukaa huko kwa takriban miaka 20, akipanda cheo polepole. Mnamo 1908 alifanywa Luteni Kanali katika idara mpya ya ujasusi wa kijeshi, ambako kazi kubwa ilikuwa kuchora ramani. Kufikia 1913 alikuwa Kanali akiongoza brigedi ya askari wa miguu, japo hakuwa amewahi kusikia risasi ikifyatuliwa kwa hasira.

Kazi iliyomlisha ilikuwa nyingine kabisa. Mwaka wa 1894 alianzisha kampuni na mwenzake, J. T. N. Anderson, na wakawa miongoni mwa watu wa kwanza kujenga kwa saruji iliyotiwa vyuma katika jimbo la Victoria. Kulikuwa na vipindi vya ukata na kesi za madeni zisizokwisha. Pigo baya zaidi lilikuja Mei 1901 mjini Bendigo. Daraja lao la King's Bridge lilipokuwa likijaribiwa kwa mitambo mizito, liliporomoka na kumuua mtu mmoja. Kampuni ililazimika kulijenga upya kwa gharama yake.

Wanaosimulia maisha ya Monash hupenda kukimbilia vitani na kuipita ajali hiyo kwa haraka. Mwandishi huyu anaona si haki kuipuuza. Huyu alikuwa mtu aliyejua, miaka 13 kabla ya kukabidhiwa wanajeshi, kwamba kosa katika karatasi ya mahesabu humfikia mtu ambaye hakuiandika. Mpangilio wake wa baadaye, uliowachosha baadhi ya maafisa kwa wingi wa maelezo, ulikuwa wa mjenzi aliyewahi kuona kazi yake ikianguka.

Vita vilipotangazwa, Monash alikuwa tajiri na mwenye umri wa miaka 49. Alikabidhiwa Brigedi ya Nne ya jeshi jipya la kujitolea, na papo hapo minong'ono ikaanza. Je, mwana wa wahamiaji waliozungumza Kijerumani angeaminika? Malalamiko hayo yalifika serikalini lakini yakatupiliwa mbali.

Mnamo Aprili 1915 brigedi yake ilitua Gallipoli, katika rasi ya Uturuki, na kuwekwa kwenye bonde lililo juu ya ufuo wa Anzac ambalo hadi leo huitwa Monash Valley. Hapakuwa na ushindi. Usiku wa Agosti 6 aliamriwa kuongoza wanajeshi wake, wengi wakiwa wagonjwa na waliodhoofika, kupitia magenge na makorongo ambayo ramani zake hazikuaminika, ili wateke kilele kilichoitwa Hill 971. Walipotea njia gizani. Shambulio la pili mnamo Agosti 8 lilizimwa kwa hasara kubwa. Wapo wanaomlaumu kwa kutosonga kwa kasi, na wapo wanaosema hakuna binadamu ambaye angeitekeleza amri ile. Lililo wazi ni kwamba Monash aliondoka Gallipoli akiwa hana imani na mipango inayotegemea ushujaa pekee.

Nafasi ya kuthibitisha fikra zake ilikuja Julai 1916 alipopandishwa cheo kuwa Meja Jenerali na kukabidhiwa Divisheni ya Tatu, iliyokuwa ikipewa mafunzo kusini mwa Uingereza. Aliwafunza kwa miezi kadhaa kabla ya kuvuka kwenda Ufaransa. Katika mapigano ya Messines, Juni 1917, maagizo yake yalieleza kila jambo kuanzia muda wa mizinga kufyatua hadi njia ya kupitisha maji ya kunywa. Walifaulu. Walifaulu tena Broodseinde, Oktoba 4. Siku nane baadaye, katika matope ya Passchendaele, divisheni hiyo hiyo iliangamia pakubwa kwa sababu mizinga haikuweza kusogezwa na muda wa kujiandaa haukuwapo. Kwa Monash, siku hizo nane zilikuwa somo tosha.

Mnamo mwisho wa Mei 1918 alikabidhiwa jeshi lote la Australia lililokuwa Ufaransa, divisheni tano zenye zaidi ya wanajeshi 100,000. Hapo ndipo njama ilipoanza. Wanahabari wawili wenye ushawishi, Charles Bean na Keith Murdoch, walitaka wadhifa huo apewe Brudenell White, ambaye alikuwa mwanajeshi wa kudumu. Asili ya Monash ya Kiyahudi haikukosa kutiwa katika mizani hiyo. Murdoch alimfikia Waziri Mkuu, Billy Hughes, ambaye alisafiri hadi Ufaransa akidhani makamanda wa divisheni wangeunga mkono mabadiliko. Alipowauliza, alikuta karibu wote wakimtaka Monash. Miaka mingi baadaye, Bean mwenyewe alikiri katika historia aliyoiandika kwamba kuingilia kwao hakukuwa kwa busara.

Hughes aliwasili mkesha wa mapigano ya kijiji cha Hamel. Mpango wa Hamel unastahili kuelezwa kwa kina, maana ndani yake mhandisi anaonekana waziwazi.

Tatizo la kwanza lilikuwa vifaru. Mnamo Aprili 1917, huko Bullecourt, brigedi ya zamani ya Monash ilitumwa kwenye seng'enge za adui nyuma ya vifaru vilivyoharibika njiani, na kati ya wanajeshi wapatao 3,000 ikapoteza zaidi ya 2,300 waliouawa, kujeruhiwa au kutekwa. Waliosalia walivichukia vifaru kabisa, na sasa brigedi hiyo hiyo ilihitajika Hamel. Monash hakuwahubiria. Aliwapeleka kwa mabasi hadi kijiji cha Vaux, akawaacha wavipande vifaru vipya, wavizunguke, wazungumze na madereva na kuonyeshwa jinsi vinavyoponda viota vya bunduki za rashasha. Imani ilirudi taratibu.

Kisha kulikuwa na suala la mzigo. Badala ya kuwatumia mamia ya watu kubeba seng'enge, risasi na maji chini ya moto wa adui, alitumia vifaru vinne vya uchukuzi vilivyofanya kazi ambayo ingewahitaji wanaume 1,200. Ndege ziliwadondoshea wapiga rashasha risasi kwa miavuli. Ndege nyingine ziliruka chini usiku ili ngurumo zake zifiche sauti ya vifaru vikisogea. Kwa siku kadhaa kabla, mizinga ilifyatua moshi uliochanganywa na gesi ya sumu, hivi kwamba asubuhi ya shambulio, moshi mtupu ulipotanda, Wajerumani wengi walivaa barakoa zao na kupigana wakiwa hawaoni vyema.

Kikwazo cha mwisho kilitoka kwa marafiki. Kampuni kumi za wanajeshi wa Marekani zilipangwa kushiriki, ila Jenerali Pershing hakutaka watu wake wapigane chini ya makamanda wa nchi nyingine. Sita ziliondolewa. Amri ya kuziondoa nne zilizobaki ilipokuja saa chache kabla ya shambulio, Monash alimweleza mkubwa wake, Jenerali Rawlinson, kwamba bila Wamarekani hao angelifuta shambulio lote. Lilikuwa jambo la hatari kwa kamanda aliyekuwa kazini kwa takriban mwezi mmoja tu. Mkuu wa majeshi ya Uingereza, Haig, akaamua wabaki.

Mapigano yalianza alfajiri ya Julai 4, 1918. Monash alikuwa amekadiria dakika 90. Yalichukua 93. Wajerumani wapatao 1,600 walitekwa, nao Waaustralia na Wamarekani wakapata hasara ya watu wapatao 1,400, idadi ambayo kwa vita hivyo ilihesabiwa kuwa ndogo.

Agosti 8, mbinu zizo hizo zilitumika kwa kiwango kikubwa zaidi mbele ya Amiens, kwa zaidi ya vifaru 400. Upande wa kulia wa Waaustralia kulikuwa na jeshi la Canada chini ya Arthur Currie, ambaye naye, kwa sadfa ya ajabu, alikuwa afisa wa jeshi la akiba aliyeuza mashamba na nyumba kabla ya vita. Wajerumani walipoteza takriban watu 27,000 siku hiyo moja. Jenerali Ludendorff baadaye aliiita siku nyeusi ya jeshi la Ujerumani.

Ushindi huo ulikuwa na bei yake. Baada ya kutekwa kwa Mont St Quentin na Péronne mapema Septemba, vikosi vilikuwa vimepungua mno, na Monash aliendelea kuvisukuma kuelekea ngome za Hindenburg Line. Mnamo Septemba 21 wanajeshi zaidi ya 100 wa Batalioni ya Kwanza walikataa kurudi mstari wa mbele. 119 walishtakiwa kwa kosa la kutoroka. Katika mwezi huo huo vikosi vilivyoamriwa kuvunjwa viligoma kuvunjwa, na Monash akaviachia viendelee hadi vita vya mwisho. Mtu aliyehesabu kila kasha la risasi alichelewa kuhesabu uchovu wa watu wake.

Vita vilipokwisha, alipewa jukumu la kuwarejesha nyumbani Waaustralia zaidi ya 160,000, akairudia kazi ya uraia bila kuonyesha kinyongo. Alirejea Desemba 1919, na wiki chache baadaye mkewe, Victoria, akafariki. Kuanzia 1920 aliongoza shirika la umeme la jimbo la Victoria. Huko Yallourn alikuta makaa ya mawe yenye maji mengi kuliko yalivyotarajiwa, na ilibidi mitambo irekebishwe kabla ya umeme kufika Melbourne ipasavyo. Mwaka wa 1923, polisi walipogoma, ndiye aliyeunda kikosi cha dharura cha kulinda jiji.

Uchumi ulipoanguka mwishoni mwa muongo huo, baadhi ya matajiri walimsihi aongoze serikali ya mabavu. Alikataa, akiwajibu kwamba tumaini la nchi lilikuwa kwenye kura na elimu.

Alifariki Oktoba 8, 1931, kutokana na maradhi ya moyo. Umati uliokadiriwa kufikia watu 250,000 ulijitokeza kwa mazishi yake ya kitaifa. Jina lake lilipewa chuo kikuu kilichoundwa Melbourne mwaka wa 1958, na sura yake ikawekwa kwenye noti ya dola 100 mnamo 1996. Mnamo Aprili 2018, miaka mia moja baada ya ushindi wake, kituo cha kumbukumbu chenye jina lake kilifunguliwa Villers-Bretonneux, Ufaransa. Mwezi huo huo Waziri Mkuu Malcolm Turnbull alikataa kampeni ya kutaka apandishwe cheo na kuwa Fildi Masho hata baada ya kifo chake. Kaburi lake katika makaburi ya Brighton, Melbourne, limeandikwa jina tu, bila cheo chochote, kama alivyotaka.