Jina la Baba, Nyumba ya Mama

Mtu wa mwambao akihesabu nasaba hupanda kwa upande wa baba, fulani bin fulani, na koo nyingi kongwe huishia Shirazi, huko Uajemi. Tarehe ya Kilwa, yaani masimulizi ya kale ya mji huo, inataja majahazi saba yaliyobeba sultani na wanawe sita, kila mmoja akishukia mji wake. Wanahistoria wengi wa baada ya uhuru waliikataa hadithi hiyo, na sababu walikuwa nazo. Wakoloni waliitumia kudai kwamba misikiti na nyumba za mawe ni kazi ya wageni, ilhali uchimbaji wa Shanga, kisiwani Pate, ulionyesha mji uliokua wenyewe kuanzia vibanda vya udongo. Ikasemwa basi kuwa Ushirazi ni kujipamba tu.

Utafiti wa vinasaba vya kale uliotoka katika jarida la Nature mwaka 2023, ukipima mabaki ya watu 80 wa miji kama Manda, Mtwapa na Kilwa, ulivuruga hukumu hiyo. Wengi wao walikuwa na asili ya Uajemi iliyoletwa hasa na wanaume, na michanganyiko ilianza yapata mwaka 1000. Kumbe baba wa kwenye nasaba walikuwapo! Lakini atakayeshangilia hapo amesoma nusu ya ushahidi, kwani upande wa kikeni karibu wote ulikuwa wa Kiafrika. Simulizi ya Kilwa aliyoichapisha Carl Velten mwaka 1907 haifichi jambo hili: mgeni wa Shirazi alimwoa binti wa Mrimba, mkubwa wa kisiwa. Huko Lamu, koo za waungwana zilimpa binti nyumba anapoolewa, na mume ndiye aliyehamia. Mtoto alibeba jina la Shirazi huku akilelewa katika nyumba ya mamake, kwa lugha ya mamake.

Atakayepinga atasema sheria ya Kiislamu imeiweka nasaba kwa baba. Ni kweli, ila nasaba haikumpa mgeni mahali pa kulala wala shamba. Hivyo alivipata ukweni. Pingamizi zito zaidi ni kwamba makaburi mengi yaliyopimwa yako kando ya misikiti, yaani ni ya wenye nafasi, na hayawasemei watumwa wala wakulima. Hilo nalikubali, lakini wanaojivunia Ushirazi ni hao hao wenye nafasi. Mwenye shajara ya ukoo ndani ya kasha na aongeze majina ya mabibi, maadamu wazee wanaoyakumbuka bado wapo.