Ranganathan na Njia ya Kuunda Faharasa za Mada

S. R. Ranganathan alikuwa mwalimu wa hisabati mjini Madras, India, alipoteuliwa mwaka 1924 kuwa mkutubi wa kwanza wa Chuo Kikuu cha Madras. Kazi hiyo hakuwa ameisomea. Alipelekwa London kujifunza, akabaini kuwa mifumo ya kupanga vitabu iliorodhesha zaidi mada zilizokwisha kujulikana; mada mpya ilipozuka, ilikosa mahali pake.

Jibu alilipata dukani, kwenye kichezeo cha watoto cha vipande vya chuma, ambavyo huunganishwa kuwa vyombo vya kila namna. Katika mfumo wake, Colon Classification, uliochapishwa mwaka 1933, mkutubi huijenga mada kwa kuunganisha vipengele vyake kwa nukta pacha. Kitabu cha tiba ya kifua kikuu cha mapafu hupewa alama ya utabibu, kisha ya mapafu, ya ugonjwa na ya tiba.

Mnyororo huo ndio uliozaa faharasa yake. Kila kiungo huwa neno la kutafutia, hivyo anayeanza na “mapafu” na anayeanza na “tiba” wote huelekezwa panapohusika. Bibliografia ya Taifa ya Uingereza iliitumia njia hiyo tangu mwaka 1950.

Mfumo wenyewe, ambao kwa kweli si mwepesi, haukuenea sana nje ya India. Wazo la vipengele ndilo lililosafiri: hutumika kila msomaji anapochuja matokeo ya katalogi ya kompyuta kwa mada, lugha na mwaka.