Kompyuta Ilipojifunza Kungoja

Ukiwasha simu au kompyuta leo, haikuulizi kitu. Inapanga aikoni zake kwenye kioo, kisha inatulia. Unaweza kufungua barua, ukaandika mstari mmoja, ukaiacha na kwenda kutazama picha za harusi, halafu ukarudi kwenye barua na kuikuta pale pale ulipoiachia. Tumezoea hivyo hata tunadhani mashine zilizaliwa na subira hiyo. Hazikuzaliwa nayo. Kwa miaka mingi kompyuta ndiyo iliyouliza na mtu akajibu, mfano wa karani wa nyuma ya dirisha la ofisi: jina, namba, ndiyo au hapana, anayefuata. Ukikosea swali la tano, unarudishwa la kwanza.

Kisa cha jinsi utaratibu huo ulivyogeuzwa husimuliwa zaidi kama kesi ya wizi: Xerox walibuni, Apple wakachukua, Microsoft nao wakachukua kwa Apple. Kesi zilikuwepo kweli; Apple waliishitaki Microsoft mwaka 1988. Lakini simulizi hiyo inawanyima haki watu waliokesha wakitafuta njia ya kuifanya mashine imfuate mtu. Kazi yao ndiyo inayostahili kusimuliwa.

Wa kwanza kuwashtua wenzake alikuwa Douglas Engelbart. Tarehe 9 Desemba 1968, mbele ya mkutano wa wataalamu wa kompyuta mjini San Francisco, alikaa jukwaani kwa takribani dakika 90 akihariri maandishi kwenye skrini, akiruka kutoka waraka mmoja hadi mwingine, na kuzungumza kwa video na wenzake waliokuwa Menlo Park. Mkono wake wa kulia ulikuwa umeshika kipanya. Cha kwanza kabisa kilikuwa kisanduku cha mbao chenye magurudumu mawili tumboni, kilichoundwa na mwenzake Bill English mwaka 1964. Mkono wa kushoto ulikuwa juu ya kibao cha vitufe vitano, ambavyo vilibonywa kwa pamoja kutoa herufi na amri. Mtu alipaswa kuikariri michanganyiko hiyo ya vitufe. Engelbart hakuona ubaya: aliamini kwamba chombo chenye nguvu kinastahili kusomewa, na anayetaka faida yake avumilie mafunzo.

Waliokuja kumpinga hawakuwa mbali. Mwaka 1970 Xerox, kampuni iliyotajirika kwa mashine za kunakili karatasi, ilifungua maabara ya utafiti huko Palo Alto, California, iliyojulikana kama PARC. Mwaka 1973 wataalamu wake, wakiongozwa na Chuck Thacker na Butler Lampson, waliunda kompyuta iliyoitwa Alto. Skrini yake ilisimama wima kama ukurasa wa karatasi, yenye nukta 606 kwa upana na 808 kwa urefu, na kila nukta ilikuwa na nafasi yake katika kumbukumbu. Piga hesabu: nukta hizo zinakaribia nusu milioni, nazo zinakula takribani kilobaiti 60. Kumbukumbu yote ya Alto ya mwanzo ilikuwa kilobaiti 128. Yaani karibu nusu ya kumbukumbu, wakati ambapo kumbukumbu ilikuwa ghali sana, ilitolewa ili mtu aone vizuri. Nauona huo kuwa uamuzi wa kijasiri kuliko wote katika historia hii. Kuanzia hapo herufi, mchoro na kitufe vilikuwa kitu kimoja, yaani nukta nyeusi na nyeupe, na programu ingeweza kuchora chochote popote. Mwaka 1975 Dan Ingalls aliandika utaratibu wa kuhamisha kwa kasi pande la nukta kutoka sehemu moja ya skrini hadi nyingine. Menyu inayochomoza na kutoweka bila kuharibu kilicho chini yake ilitokana na kazi hiyo.

Hata hivyo skrini nzuri haikutosha. Programu ya kuandikia ya Alto, Bravo, ilikuwa na hali mbili: ya kupokea amri na ya kupokea maandishi. Kitufe kimoja kilikuwa na maana mbili kutegemea uko katika hali ipi. Wahandisi wa PARC walikuwa wakisimuliana ajali ya mtu aliyetaka kuandika neno la Kiingereza *edit* akiwa bado katika hali ya amri. E ikauteua waraka wote. D ikaufuta. I ikafungua nafasi ya kuingiza maandishi. T ikaingia kama herufi. Kilichobaki kwenye skrini kikawa t moja.

Larry Tesler wa PARC hakuweza kulivumilia jambo hilo. Alipewa kazi, pamoja na Tim Mott, ya kutengeneza programu kwa ajili ya wahariri wa Ginn, kampuni ya vitabu vya shule iliyokuwa mali ya Xerox. Hawakuanza na kompyuta. Mott alikwenda kuwatazama wahariri kazini: kalamu, mkasi, gundi, aya inayokatwa hapa na kubandikwa pale. Programu iliyotoka mwaka 1975, Gypsy, iliwafuata hivyo hivyo. Ukibonyeza herufi, herufi inaandikika, wakati wowote, bila masharti. Ukitaka kubadili kitu, unakiteua kwanza kwa kipanya, kisha ndipo unasema kifanyweje: kikatwe, kinakiliwe, kibandikwe. Mpangilio huo wa kuteua kwanza na kuamuru baadaye ndio tunaotumia hadi leo, hata tunapofuta ujumbe kwenye simu. Tesler aliendelea kuzipiga vita hali za kompyuta maisha yake yote, na namba ya gari lake ilisomeka NOMODES.

Desemba 1979 Steve Jobs wa Apple na wahandisi wake walikaribishwa PARC. Xerox walikuwa wamepewa nafasi ya kununua hisa 100,000 za Apple kwa dola milioni moja, nao wakakubali kufungua milango, ingawa Adele Goldberg, mmoja wa viongozi wa kundi la PARC lililobuni lugha ya kuandikia programu ya Smalltalk, alipinga kwa nguvu zote. Miongoni mwa wageni alikuwa kijana Bill Atkinson, na hapa ndipo penye kisa ninachokipenda kuliko vyote.

Atkinson aliona madirisha yaliyolaliana, moja juu ya jingine. Akaondoka akiamini kwamba ameona pia programu ikiandika ndani ya dirisha lililofunikwa nusu, bila kuligusa lile la juu. Hakuwa ameona jambo hilo. Mfumo wa PARC haukuwa na uwezo huo. Lakini kwa kuwa alidhani watu wa PARC wameshaweza, alikaa chini kutafuta njia, akaipata.

Ugumu wenyewe ni huu. Dirisha la juu likifunika pembe moja ya lililo chini, sehemu inayoonekana ya lile la chini si mstatili tena. Ina pembe sita. Ongeza dirisha la tatu na umbo linazidi kuvurugika. Kila mstari na kila herufi ya dirisha la chini lazima ikatwe kwenye kingo za umbo hilo, na kompyuta ya wakati ule ingechoka ikikagua nukta moja moja. Atkinson aliliandika umbo kwa ufupi wa ajabu: kwa kila safu ya nukta, weka tu mahali ambapo mpaka unavukwa, kuingia ndani au kutoka nje. Na kama safu inafanana na iliyoitangulia, usiandike chochote. Maumbo yaliyoandikwa hivyo yangeweza kujumlishwa na kutolewa moja kwa jingine kwa kasi. Aliyaita kanda, na juu yake alijenga QuickDraw, mfumo wa kuchora wa kompyuta za Apple, Lisa na Macintosh. Siku moja akiendesha gari kwenda kazini aligonga lori na kupoteza fahamu. Jobs alipomfikia hospitalini, Atkinson alimtuliza kwa kumwambia kwamba zile kanda bado anazikumbuka.

Lisa iliingia sokoni Januari 1983 kwa dola 9,995, bei iliyowashinda wengi. Macintosh ilifuata tarehe 24 Januari 1984 kwa dola 2,495. Uso wake ulichorwa na Susan Kare, msanii ambaye hakutoka kwenye kompyuta. Alinunua daftari la miraba, akachora aikoni kwa kujaza miraba 32 kwa 32, na humo ndimo ilimotoka ile kompyuta iliyotabasamu mashine ilipowaka.

Kwa aliyeandika programu, mshtuko mkubwa haukuwa picha. Alikuwa amezoea kuandika maagizo kutoka juu hadi chini: uliza hiki, subiri jibu, uliza kingine. Sasa moyo wa programu ulikuwa mzunguko mfupi usiokoma, unaouuliza mfumo swali moja tu: kumetokea nini? Kipanya kimebonyezwa mahali fulani. Kitufe kimeguswa. Dirisha lililofunikwa limefunuliwa, linahitaji kuchorwa upya. Mwandishi wa programu hajui kitakachotangulia, na kila wakati programu iwe tayari kwa lolote. Waandishi wengi wa programu walihangaika na mtindo huo, na hata leo mwanafunzi anayetengeneza programu yake ya kwanza ya simu hukwama hapo hapo.

Bruce Horn, aliyeanza kwenda PARC akiwa mvulana wa shule, aliongeza jambo ambalo halisifiwi vya kutosha. Katika Macintosh alitenganisha maneno ya menyu, aikoni na ujumbe na maagizo ya programu, akavihifadhi kando. Mtu angeweza kubadili maneno yote kuwa Kifaransa bila kugusa mstari mmoja wa maagizo.

Microsoft walichelewa. Windows ya kwanza, ya Novemba 1985, iliyapanga madirisha ubavu kwa ubavu bila kulaliana; iliyoshika soko ni toleo la 3.0 la mwaka 1990. Mwaka uliofuata ilikuja Visual Basic: unachora kitufe kwenye skrini, unakibofya mara mbili, unaandika kinachotokea kikibonyezwa. Wengi waliosomea kompyuta Afrika Mashariki baadaye walionja kazi hii kwa mara ya kwanza kupitia chombo hicho.

Kule kutenganisha maneno na maagizo kulitufaa na sisi. Desemba 2004, Chuo Kikuu cha Dar es Salaam kupitia mradi wa Kilinux kilitoa Jambo OpenOffice, programu za ofisi zenye menyu za Kiswahili. Wafasiri walishughulika na maneno. Kazi ya kuchora madirisha ilikwishafanywa na wengine.

Lakini kiolesura, yaani njia ya mtu kuwasiliana na mashine, kilichoenea haraka kuliko vyote kwetu hakikuwa na dirisha wala kipanya. Huduma ya kutuma pesa kwa simu ya M-Pesa ilipozinduliwa Kenya Machi 2007, menyu yake iliwekwa ndani ya laini ya simu, kwa sababu simu nyingi za wakati huo zilikuwa za vitufe na skrini finyu. Iliuliza kimoja baada ya kingine: namba ya mpokeaji, kiasi, namba ya siri. Leo huduma hiyo ina programu ya simu janja, ambamo unaweza kurudi nyuma na kusahihisha kiasi kabla ya kutuma. Na bado mteja wa M-Pesa wa Vodacom Tanzania anaweza kupiga *150*00#, akaletewa orodha ya kuchagua kwa namba, na akikosea tarakimu katikati ya safari, mara nyingi anaghairi na kupiga upya. Wabunifu wa Nairobi na Dar es Salaam hulazimika kutengeneza njia zote mbili kwa huduma ile ile, kwa sababu pesa inayotumwa kwenye simu janja mara nyingi inapokelewa kwenye simu ya vitufe.