Kutoka Thogoto hadi Ufungamano: Baraza la Makanisa Kenya Mbele ya Dola

Juni 1913, wamisionari wa Kiprotestanti walikutana Thogoto, katika misheni ya Kanisa la Scotland, wakijadili namna ya kufanya kazi kama kanisa moja. Mkutano ulipofika tamati, Askofu William Peel wa Mombasa aliongoza Meza ya Bwana, na Wapresbiteri na Wamethodisti wakashiriki bega kwa bega na Waanglikana. Habari zilipomfikia Frank Weston, Askofu wa Zanzibar, aliwashtaki Peel na mwenzake wa Uganda, J. J. Willis, kwa Askofu Mkuu wa Canterbury, akisema wameingia katika uzushi. Mabishano hayo yaliitikisa Uingereza mpaka vita vya 1914 vilipoyafunika. Wa Thogoto hawakurudi nyuma. Mwaka 1918 misheni nne, yaani Waanglikana wa CMS, Waskoti, Wamethodisti na Africa Inland Mission, ziliunda muungano, na kutokana na muungano huo likazaliwa Baraza la Kitaifa la Makanisa Kenya, NCCK.

Mtihani wa kwanza wa muungano huo mbele ya serikali ulikuja upesi. Mwaka 1919 Gavana Edward Northey alitoa waraka ulioagiza maofisa na machifu wawahimize Waafrika kwenda kufanya kazi katika mashamba ya walowezi. Willis, Askofu Heywood wa Mombasa na Daktari John Arthur wa Thogoto waliandika kuupinga. Walijua kwamba chifu akiambiwa ahimize, atashurutisha. Ila katika andiko hilohilo walikubali kwamba watu wanaweza kulazimishwa kufanya kazi, mradi sheria iseme hivyo waziwazi na iweke mipaka. Hawakuomba nira iondolewe shingoni mwa watu, waliomba ifungwe kwa utaratibu. Mwaka 1924 Arthur mwenyewe aliteuliwa kuingia katika Baraza la Kutunga Sheria ili awasemee Waafrika, na ilichukua miaka 20 zaidi kabla Mwafrika wa kwanza, Eliud Mathu, kukaa katika ukumbi huo. Tangu mwanzo, basi, kanisa lilikuwa na kiti karibu na mtawala, na kiti hicho kilikuwa na gharama yake.

Mwaka 1943 muungano uligeuka kuwa Baraza la Kikristo la Kenya, na jina la sasa lilipatikana 1984. Baada ya uhuru Baraza lilikuwa na magazeti mawili, Target la Kiingereza na Lengo la Kiswahili. Mwaka 1969, waziri Tom Mboya alipouawa na watu wakaanza kusombwa kwa malori kwenda Gatundu kula kiapo cha kuulinda utawala wa Rais Kenyatta, magazeti hayo yalikipinga kiapo hicho wazi, wakati ambapo wengi walikuwa wakinong'ona tu.

Lakini miaka iliyolipa Baraza hili heshima yake ni ile ya Rais Moi. Agosti 1986, chama tawala cha KANU kilipoamua kwamba wapiga kura wajipange nyuma ya wagombea, wachungaji waliokusanyika kwa mwaliko wa NCCK walikataa mlolongo. Hoja yao ilimgusa kila aliyewahi kuongoza usharika: mchungaji atasimamaje nyuma ya mgombea mmoja, huku waumini wake wamesimama nyuma ya mwingine, kisha Jumapili awaongoze wote katika sala moja? Serikali ilikasirika. Africa Inland Church, kanisa alilosali Moi mwenyewe na tunda la mojawapo ya misheni nne za 1918, lilijiondoa katika Baraza mwaka huohuo.

Mlolongo ulifanyika 1988. Walioshuhudia waliona mistari mirefu ikitangazwa kuwa imeshindwa na mistari mifupi. Beyond, jarida la NCCK, liliandika yaliyotendeka, likapigwa marufuku, na mhariri wake Bedan Mbugua akafungwa. Askofu David Gitari aliendelea kuhubiri dhidi ya udanganyifu huo huko Kirinyaga, hata genge likavamia nyumba yake usiku mmoja wa Aprili 1989, naye akajiokoa kwa kupanda juu ya paa. Siku ya Mwaka Mpya 1990, Kasisi Timothy Njoya alihoji mimbarini uhalali wa chama kimoja, akitoa mfano wa tawala zilizokuwa zikianguka Ulaya Mashariki. Agosti mwaka huo waziri Peter Okondo aliwaonya maaskofu Henry Okullu na Alexander Muge kwamba wakikanyaga Busia huenda wasitoke hai. Muge alikwenda, akahubiri, na tarehe 14 Agosti akafa katika ajali ya barabarani akirudi Eldoret.

Julai 7, 1997, polisi waliingia ndani ya kanisa kuu la All Saints jijini Nairobi kuwasaka waliokuwa wakidai mageuzi ya katiba. Gesi ya kutoa machozi ilitanda kati ya viti vya waumini, na Njoya alipigwa humohumo ndani. Mwishoni mwa 1999 NCCK, Wakatoliki, Waislamu na Wahindu walikaa pamoja Ufungamano House na kuanzisha mchakato wa katiba wa wananchi, ambao serikali ililazimika kuuunganisha na wake mwaka 2001.

Kilichofuata kinauma kukisimulia. Moi alipoondoka 2002, wengi wa waliopigania mageuzi pamoja na maaskofu waliingia serikalini, na Baraza halikujua tena kusimama mbali nao. Katibu mkuu wake, Mutava Musyimi, alijiuzulu na kuwa mbunge wa Gachoka 2007. Tarehe 1 Januari 2008, katika ghasia zilizofuata uchaguzi wa 2007, watu waliokimbilia kanisa la Kiambaa, karibu na Eldoret, walichomwa moto humo ndani. Februari mwaka huo viongozi wa NCCK walikiri hadharani kwamba walikuwa wameegemea upande na wakaomba msamaha. Ungamo hilo naliweka sawa na ujasiri wa 1986, kwa maana taasisi nyingi zilizokosa mwaka ule hazijakiri mpaka leo. Mwaka 2010 Baraza liliipinga katiba mpya kwa sababu ya mahakama za Kadhi na vifungu vya utoaji mimba, na takriban asilimia 67 ya waliopiga kura wakaipitisha.

Septemba 2021 huko Butere, Askofu Mkuu Jackson Ole Sapit wa kanisa la Kianglikana aliwanyima wanasiasa nafasi ya kuhutubia ibadani. Juni 2024 vijana walioandamana dhidi ya serikali walidai makanisa yote yafanye hivyo, na yaache kupokea mabunda ya noti kutoka kwa wanasiasa. Wachungaji na wazee wa kanisa mnaosoma haya: uchaguzi mkuu ni Agosti 2027. Amueni sasa, kwa maandishi na mbele ya waumini, ni fedha ya nani mtakayoikataa.