Glenda Jackson: Malkia wa jukwaa aliyerejea kama mfalme

GLENDA Jackson alikuwa na umri wa miaka 80 mnamo 2016 alipopanda jukwaa la ukumbi wa Old Vic, London, kuigiza mfalme. Mchezo ulikuwa King Lear wa Shakespeare, na nafasi hiyo ya mzee anayewagawia mabinti ufalme kisha akarukwa na akili imewatoa jasho waigizaji wa kiume kwa karne nyingi.

Lililoongeza uzito wa tukio hilo ni kwamba kwa zaidi ya miaka 20 mwigizaji huyo hakuwa amekanyaga jukwaa. Alikuwa bungeni.

Jackson alizaliwa Mei 9, 1936 mjini Birkenhead, kaskazini magharibi mwa Uingereza. Babake alikuwa mwashi, na mamake akifanya vibarua vya usafi. Aliacha shule akiwa na umri wa miaka 16, akahudumu katika duka la dawa kwa miaka miwili, kisha akapata ufadhili wa kusomea uigizaji katika chuo cha RADA, London.

Nyota yake iling'aa mwaka 1964 mwelekezi Peter Brook alipompa nafasi katika Marat/Sade, tamthilia ya Peter Weiss. Humo aliigiza mgonjwa wa akili ambaye naye anaigiza Charlotte Corday, muuaji wa mwanamapinduzi Marat. Alilazimika kubeba wahusika wawili kwa wakati mmoja, na hadhira isimpoteze yeyote kati yao.

Mwaka uliofuata aliigiza Ophelia katika Hamlet, si kama msichana mnyonge wa kuhurumiwa, bali mwenye hasira na makali. Baadaye alikuwa Hedda Gabler wa Ibsen mwaka 1975, na Cleopatra mjini Stratford mwaka 1978, tena chini ya Brook.

Hakufungwa na jukwaa pekee. Alishinda Oscar mara mbili, kwanza kwa filamu nzito ya Women in Love na kisha kwa kichekesho cha A Touch of Class, lakini hakuhudhuria sherehe hata moja kupokea tuzo hizo. Katika runinga, aliigiza Malkia Elizabeth wa Kwanza tangu ujana hadi uzee kwenye Elizabeth R ya mwaka 1971, na hata akanyoa sehemu ya nywele zake ili afanane naye.

Hata hivyo, mnamo 1992 aliyaacha yote hayo. Akiwa amechukizwa na sera za serikali ya Margaret Thatcher, aliwania ubunge wa Hampstead na Highgate kwa tiketi ya chama cha Leba, akashinda. Alikuwa waziri mdogo wa uchukuzi kati ya 1997 na 1999. Mwaka 2003 alipinga vita vya Iraq ijapokuwa vilianzishwa na serikali ya chama chake, na mwaka 2010 alihifadhi kiti kwa kura 42 pekee. Alistaafu siasa mwaka 2015.

Jackson alikuwa amelalamika mara nyingi kwamba waandishi wa tamthilia huwanyima wanawake nafasi za maana, hasa umri unaposonga. Kwa kumwigiza Lear, alijitwalia nafasi ambayo hakuna aliyemwandikia.

Haukuwa mwisho. Mwaka 2018 alitwaa tuzo ya Tony, New York, kwa kuigiza ajuza wa zaidi ya miaka 90 katika Three Tall Women ya Edward Albee. Mwaka 2019 alimrudia Lear jijini humo, na mwaka 2020 akapata tuzo ya BAFTA kwa Elizabeth Is Missing, filamu ya runinga kuhusu bibi anayepoteza kumbukumbu.

Alifariki London mnamo Juni 15, 2023, akiwa na umri wa miaka 87. Filamu yake ya mwisho, The Great Escaper, aliyoigiza na Michael Caine, ilitolewa miezi michache baadaye.