Kisu cha Ngariba katika Historia ya Afrika Mashariki

Hapa Dubai tohara ya mwanamume haizui mjadala. Mtoto hutahiriwa hospitalini angali mdogo, na mambo yakaisha. Lakini wengi wetu katika chama hiki tumetoka nchi ambazo jambo hilohilo limewahi kumng'oa mfalme kitini na kumwaga damu baada ya uchaguzi.

Tuanze na maneno yetu wenyewe. "Tohara" limetoka kwenye Kiarabu, na maana yake ni usafi. Linabeba upande wa dini. "Jando" linabeba upande wa mila: wavulana waliingizwa kumbini, ngariba akawatahiri, kungwi akawafunza adabu na siri za utu uzima. Mtoro bin Mwinyi Bakari aliyaeleza mambo hayo katika Desturi za Waswahili, kitabu kilichotolewa Ujerumani mwaka 1903. Pwani, dini na mila zilikaa nyumba moja bila ugomvi mkubwa.

Buganda hazikukaa. Kabaka Mutesa wa Kwanza alifunga Ramadhani kwa miaka kadhaa na kuwahimiza watu wake wasali, lakini alikataa kutahiriwa, kwa kuwa mila ilikataza damu ya Kabaka kumwagwa. Vijana Waislamu wa ikulu nao wakakataa kula nyama iliyochinjwa na asiyetahiriwa. Kwa mfalme, huo ulikuwa uasi. Mnamo mwaka 1876 vijana wapatao 70 waliuawa Namugongo, mahali palepale ambapo Wakristo walichomwa moto miaka kumi baadaye. Mwaka 1888 kisa kilirudi kwa sura nyingine: Kabaka Kiweewa, aliyewekwa madarakani kwa msaada wa Waislamu, alikataa kutahiriwa, akapinduliwa. Nduguye Kalema alikubali, akatawala.

Magharibi mwa Kenya, Wabukusu hutahiri vijana wao mwezi Agosti kila baada ya mwaka mmoja kupita. Kwa jirani zao Waluo, alama ya utu uzima ilikuwa kung'oa meno sita ya chini. Kila mmoja alikuwa na njia yake ya kumfanya kijana kuwa mtu mzima. Wanasiasa ndio walioigeuza tofauti hiyo kuwa tusi: asiyetahiriwa ni mtoto, na mtoto haongozi nchi. Baada ya uchaguzi wa Desemba 2007, wanaume Waluo walikamatwa na kutahiriwa kwa nguvu, na wengine walikufa. Januari 2012 majaji wa Mahakama ya Kimataifa ya Uhalifu waliviita vitendo hivyo vya kinyama, vilivyosukumwa na chuki ya kikabila.

Ajabu ni kwamba Novemba 2008, kabla mwaka haujaisha, serikali ilizindua tohara ya hiari Nyanza. Utafiti uliofanyika Orange Farm nchini Afrika Kusini, Kisumu na Rakai ulikuwa umeonyesha kwamba tohara humpunguzia mwanamume hatari ya kuambukizwa Ukimwi na mwanamke kwa kiasi cha asilimia 60. Machi 2007 Shirika la Afya Duniani likaipendekeza, likisisitiza kwamba haichukui nafasi ya kondomu. Baadhi ya wazee wa Kiluo walipinga, wakiona wanaletewa mila ya watu. Hoja iliyowatuliza wengi ni kwamba hii ni tiba, si jando, na anayetaka ndiye aendaye.

Kwingineko duniani hali ni mchanganyiko. Mwaka 2007 shirika hilo lilikadiria kwamba asilimia 30 hivi ya wanaume wametahiriwa, na theluthi mbili yao ni Waislamu. Wayahudi hutahiri siku ya nane. Marekani na Korea Kusini zilifanya tohara kuwa jambo la hospitali. Ujerumani, mahakama ya Köln iliihesabu kuwa kumjeruhi mtoto mwaka 2012, na kabla mwaka huo kwisha bunge likairuhusu kwa sheria.

Kisu ni kilekile. Namugongo na Nyanza zinatufundisha kwamba kinachobadilika ni mkono unaokishika na ridhaa ya anayekatwa. Tunapotaniana kuhusu nani ameingia jandoni na nani hajaingia, tukumbuke kwamba utani huo umewahi kuua.