Saini na Mashahidi Wake: Kutoka Hati za Mikarafuu Hadi Ufunguo wa Kielektroniki

Katika Mji Mkongwe wa Unguja, karne ya 19, saini peke yake haikulinda mali ya mtu. Mwenye shamba la mikarafuu aliyebanwa na shida ya fedha aliandikiana na mkopeshaji, mara nyingi Mhindi, hati ya bei khiyari: shamba linauzwa, lakini muuzaji anabaki na haki ya kulikomboa, na mara nyingi huendelea kulikalia kwa kulipa kodi. Karatasi hiyo ilibeba riziki ya ukoo, na bado katika fikihi ya zamani haikutosha yenyewe. Kadhi alitaka mashahidi, watu wanaojulikana, wanaoweza kusimama na kusema kuwa walikuwepo. Ubalozi wa Uingereza ulipoanza kuandikisha hati za Wahindi waliokuwa chini ya himaya yake, kinga iliongezeka: mghushi sasa alikabili pia nakala iliyomo katika daftari asilolishika yeye.

Mwaka 1879 waya wa telegrafu uliopita baharini kutoka Aden ulifika Unguja, na maneno yakaanza kuwasili bila mkono wala muhuri wa aliyeyatuma. Uzito wa maneno hayo yasiyo na saini ulidhihirika Agosti 1896. Sultani Hamad bin Thuwaini alifariki tarehe 25, Khalid bin Barghash akaingia kasri kudai kiti chake bila ridhaa ya Waingereza, na balozi wao Basil Cave akaomba kwa waya idhini ya London kutumia nguvu. Idhini ilikuja kwa njia hiyohiyo, na asubuhi ya tarehe 27 mizinga ilivunja kasri kwa muda usiofika saa moja. Watu walikufa kwa amri isiyo na saini hata moja juu yake. Iliaminiwa kwa sababu njia iliyopita ilijulikana: kampuni, vituo, makarani.

Leo waraka unaweza kutiwa saini kwa ufunguo wa kielektroniki, yaani namba ya siri iliyo ndani ya kifaa, na hesabu ndizo zinazoithibitisha saini hiyo. Atasema mtu kwamba mashahidi walihongeka, na hesabu za ufunguo wa kielektroniki hazihongeki. Ni kweli, na faida hiyo ni kubwa: waraka ukibadilishwa baada ya kutiwa saini, hesabu hufichua. Lakini hesabu haziwezi kueleza nani alikuwa ameshika kompyuta saini ilipotiwa. Kifaa kilichoibwa hutia saini sahihi kabisa kwa jina la mwenyewe. Hapo swali la kadhi, nani alikuwepo, linarudi na uzito wake wote. Kwa hiyo ofisi ya ardhi inayopokea saini za namna hii inahitaji kwanza ramani ya mtandao wake: vifaa gani vimeunganishwa, kipi kina ufunguo, nani amekabidhiwa, na cheti kinachoutambulisha ufunguo wa kifaa kilichopotea kilifutwa lini.